Futi Moja

Mimi husimama nyuma, na upondo wenye panda mwishoni.
Verna huketi mbele, kanipa mgongo,
vijiti viwili vya mwerezi mapajani,
vyepesi kama mifupa ya ndege.
Alivichonga mwaka niliozaliwa
na bado hajanikabidhi.

"Polepole," husema. "Huu si mpunga wa mtu."

Huyainamisha mabua kwa kijiti cha kulia,
huyapangusa kwa cha kushoto: mara moja, mara mbili, basi.
Punje inayotaka kuja, huja.
Inayokataa ina haki ya kukataa.
Nusu huanguka mtumbwini, nusu majini,
na hiyo ya majini ndiyo akiba yetu,
benki isiyo na karani.
Viwavi weupe hunitambaa shingoni, huniuma.
Verna hageuki: "Nao wamekuja kuvuna."

Hiyo ilikuwa miaka ile, Ziwa Mkia-wa-Bata,
kaskazini ya Minesota.
Manoomin, ndivyo sisi Waojibwe tunavyouita.
Karani wa bwawa huuita magugu.

Mwaka huu barua ilikuja mapema Juni,
karatasi nzuri, nembo ya buluu:
lango litafungwa, maji yatapanda futi moja tu.
Hilo "tu" lilipigwa chapa sawa na maneno mengine.
Halikuona haya.

Akaja kijana, buti mpya, na fimbo yenye namba,
akaichomeka ufuoni, karibu na jiko la nje.
Akauliza eneo letu ni ekari ngapi.
Verna alikuwa akikaanga samaki.
"Muulize bata," akasema. "Alitangulia kupima."
Kijana akaandika kitu. Labda aliandika "bata".

Ekari!
Ziwa ni ziwa. Mtoto halipimi,
hulinyonya.

Juni ndipo majani ya mpunga hulala juu ya maji,
marefu, laini, kama nywele za mtoto aliyetoka kuoga,
na mzizi bado ni uzi tu topeni.
Maji yakipanda, jani huelea.
Jani likielea, huvuta.
Asubuhi moja tukayakuta marundo ufuoni,
mizizi juu, yananuka,
na mbwa wa Delmar akiyalalia kana kwamba ametandikiwa.

Sasa ni Septemba. Sufuria la chuma limening'inia,
halijaona moto.
Shimo ambamo Delmar huucheza mpunga,
kwa viatu vipya vya ngozi ya paa, mpaka maganda yaachie,
limejaa majani makavu.
Ungo wa gome jeupe uko ukutani. Hakuna cha kupepeta,
hakuna pumba wala chuya.
Mpunga, mchele, wali:
kitu kimoja kikiwa safarini.
Safari haikuanza.

"Shusha mtumbwi," Verna akasema hata hivyo.

Tukazunguka ghuba yote. Vijiti mapajani, hakuvigusa.
Upondo wangu ulipita majini bila kukwaruza bua,
ukimya ambao sikuwahi kuusikia hapo.
Mdomoni mwa kijito akavuta kamba,
na gunia la mwaka jana likapanda, jeusi, likichuruzika.
Mbegu hii ikikauka hufa.
Miezi kumi na miwili alikuwa akiinywesha bila kuniambia.

Nilidhani atasema neno, la dua, la wazee.
Alisema: "Shikilia usiyumbe."
Akatupa. Konzi kwa konzi, mkono ukitetemeka kwa baridi,
na mbegu zikazama zikitanguliza ncha,
kama sindano zinazojua kitambaa.

Kisha akaniambia nichomeke upondo.
Nikauchomeka. Ile alama ya kisu aliyoikata zamani,
kina ambacho mpunga hustahimili,
ilikuwa chini kabisa, ikipepesuka ndani ya maji.
Nikapima kwa mkono: shubiri moja na kidogo.

"Futi moja," nikasema.

"Tu," akasema Verna,
na hapo ndipo alipocheka.